Kijiko Kimoja cha Mafuta

Kamukunji, nyundo zikishalala,
nyuma ya kibanda ambacho mchana huuza sufuria
na usiku hakiuzi kitu,
ndipo Chama cha Koroboi hukutana.
Si chama cha mikopo. Hakina muhuri wala sare.
Ada ni kijiko kimoja cha mafuta ya taa,
na hadithi yako iishe mafuta yakiisha,
hata kama bwana harusi bado yuko njiani.

Mlangoni Muthengi, fundi wa majiko, ameandika kwa chaki
ubeti alioutunga mwenyewe, na anaouonea fahari kupita kiasi:

    Mwenye taa aitie, mafuta hadi ukingo
    Na neno usilitie, chumvi nyingi na urongo
    Gizani ujikalie, kisa chako kiwe lango
    Na mgeni aingie, hatutazami kiwango

Hapa hatuanzi kwa paukwa.
Nyaguthii mwenye daftari huuliza, "Kijiko kimejaa?"
nasi hujibu, "Kimejaa, mimina."
Kisha koroboi huwekwa mbali na msimulizi.
Hiyo ndiyo sheria iliyonitia baridi siku ya kwanza:
anayesimulia hukaa gizani,
taa humulika wanaosikia.
"Sura yako unaijua," Nyaguthii aliniambia.
"Tazama neno lako linatua wapi."

Warsame wa vitambaa hucheka kabla ya kichekesho kufika.
Atsango husimulia mvua iliyonyesha kabla hajazaliwa
kana kwamba ilimlowesha.
Na Bi Marjani wa Pumwani, hadithi yake ina ngazi moja tu
na mtu anayeipanda,
na kila akikaribia juu, mafuta huisha.
Miaka mitatu sasa. Hatujui juu kuna nini.
Hakuna anayethubutu kumwongezea kijiko.

Mimi niliketi, nikala nuru ya watu bila kulipa.
Sikuwaambia kazi yangu.
Kazi yangu ni koleo na ngazi:
ninakata umeme wa wasiolipa.
Natoka Donholm hadi Makadara na orodha,
napanda, nabana, kwisha.
Nyumba nzima hupofuka, nami sijaona uso hata mmoja,
maana nikiwa juu hutazama waya.

Daftari halisahau.
"Kageha, deni lako vijiko kumi na kimoja."

Nikamimina. Nikaingia gizani.
Nikaanza na ngazi, kwa kuwa ndiyo niliyokuwa nayo.
Nikasema: Shauri Moyo, mlango wa buluu,
Jumanne, jioni, mtoto ndani akihesabu kwa sauti,
arobaini na saba, arobaini na nane,
nikabana,
na hesabu ikakoma.

Koroboi ilikohoa masizi.
Nikainua macho. Wa tatu kutoka ukutani, Kerubo,
anayeshona vifungo vya mashati ya mitumba Gikomba,
midomo yake ilikuwa ikitembea bila sauti.
Niliisoma.
Arobaini na tisa. Hamsini.

Nikanyamaza. Mafuta yalibaki ya kulowesha ukucha.
Hakuna aliyeguna. Warsame hakucheka.
Kerubo akainuka, akafungua kile kichupa cha dawa ya kikohozi
anachobebea ada,
akamimina kijiko cha pili, jambo lisilo kwenye sheria.
Nyaguthii akashika kalamu, asiandike.
"Sema yaliyofuata," Kerubo akasema.
"Sisi tulikuwa ndani. Ya nje hatukuyaona."

Basi nikasema.
Nilishuka, nikafuta mikono kwa suruali,
nikanunua hindi la kuchoma, nikala nusu.
Ndiyo yote.
Hadithi yangu ikaisha kabla ya mafuta,
tukabaki tukiutazama ule moto wa ziada
usio na mwenyewe.

Kesho nina milango tisa.
Koleo liko mfukoni, na kando yake utambi mpya
ambao Kerubo alinitia mkononi tulipokuwa tukitoka,
bila kuniambia ni wa nini.